Paja la Dukani kwa Shemeji

Siku ile mjinga alikuwa mimi. Naanza na hilo ili usipoteze muda kumtafuta. Wagombea wengine wazuri walikuwepo, mmoja wao kavaa tai ya hariri, lakini ushindi niliuchukua mimi bila kupingwa.

Jina langu Nevio. Kwa miaka ishirini na sita kazi yangu ilikuwa kunusa mapaja ya nguruwe. Usicheke, au cheka, kisha urudi. Bondeni kwetu Langhirano, mwendo mfupi kutoka mjini Parma, paja la nguruwe hutiwa chumvi, huning'inizwa, hupakwa mafuta, likaachiwa upepo wa madirishani mwaka mzima na zaidi. Kwa nje yote yanafanana kama masista wa nyumba moja ya watawa. Lipi zima na lipi limeoza ndani karibu na mfupa, macho hayakuambii. Inayokuambia ni sindano nyembamba iliyochongwa kwa mfupa wa mguu wa farasi. Unalichoma paja mahali patano, na kila mara unaichomoa sindano na kuipitisha chini ya pua. Mfupa wa farasi una vitundu visivyoonekana. Hushika harufu papo hapo na kuiachia papo hapo. Unachoma, unanusa, unapumua mara tatu, mfupa umeshasahau, unachoma tena. Chuma hakiwezi kazi hiyo, wala mti.

Bonde zima lilikuwa likiniita Pua. Si kwa ukubwa wake, ingawa ukubwa nao haukunisaidia kukanusha.

Aliyenizika ni shemeji yangu Adelmo, mume wa dada yangu Desolina. Ghala lilikuwa lake, pua ilikuwa yangu. Miaka minne iliyopita mtambo wa chumba cha baridi ulizimika siku nzima ya Jumapili, naye akanyamaza kimya. Miezi baadaye mapaja arobaini ya Jumapili ile yakafika mikononi mwangu. Nikachoma, nikanusa, nikayapiga alama ya chaki yote arobaini: haya hayauzwi. Adelmo aliniangalia kama mtu aliyetapikiwa viatuni. Kesho yake baa ya Langhirano imejaa watu, akaagiza kahawa, akasema kwa sauti ya mimbarini, "Jamani, tumwombee shemeji yangu. Pua yake imekufa. Hajui tena tofauti ya paja na soksi."

Watu wakacheka. Chaki ikafutwa, mapaja arobaini yakauzwa mbali kwa watu wasiojua kulalamika. Na mimi sikuitwa tena na ghala hata moja. Mnusaji akishasemwa kwamba pua imekufa ni sawa na padri aliyesemwa hana imani: anaweza kubisha mpaka jua lizame, lakini nani atampa misa?

Desolina alikuwepo pale baa. Alikaa karibu na dirisha akikoroga kahawa isiyo na sukari. Hakusema neno. Na yeye ndiye aliyejua kuliko wote, maana marehemu baba, naye mnusaji, alitufundisha sote wawili jikoni tukiwa tumefungwa vitambaa machoni, na pua ya Desolina ilikuwa kali kuliko yangu. Hilo nakubali mbele ya mtu yeyote isipokuwa yeye. Ila enzi zile sindano ya mfupa ilikuwa ya wanaume. Mimi nikarithi mfupa wa baba. Yeye akapewa ndoo ya mafuta, awe anapaka mapaja kwa viganja pamoja na wanawake wenzake. Baadaye akapewa Adelmo. Ndoo ilikuwa na faida zaidi.

Basi nikageuka mwongozaji wa wageni. Jumamosi asubuhi unanikuta mjini Parma nimeinua mwavuli wa kijani, nyuma yangu watu sita au wanane, tunaula mji kidogo kidogo, huku andazi, kule jibini, mbele bakuli la supu. Miguu ilinilisha pale pua iliponyimwa. Nikadhani nimesahau. Kisha mwezi wa pili mama mwenye kampuni ya matembezi akaniongezea kituo cha mwisho.

"Duka jipya, Nevio, zuri ajabu! Mapaja yamemulikwa taa kama waimbaji jukwaani. La bwana mmoja anaitwa Adelmo. Ameomba mwenyewe tumpelekee wageni."

"Vizuri sana, mama," nikamjibu, kwa upole ulionitisha hata mimi.

Sasa nikueleze nilichofanya, maana hata nikificha, mbwa alishasema. Nilinunua bega la nguruwe, nikaliweka juu ya bomba la kupashia joto chumbani kwangu kwa siku nane. Jirani wa juu aligonga mara mbili kuuliza kama ningali hai. Siku ya nane nikaudidimiza mfupa wa baba katikati ya uozo ule, nikauvika kipande cha mafuta yaliyooza, nikaufunga kwa nailoni tabaka tano, nikautia mfuko wa ndani wa koti. Nilipanga hivi: nikifika dukani naifungua nailoni humo humo mfukoni, nachomoa mfupa, nalichoma paja kubwa kuliko yote mbele ya wateja wa Jumamosi, na kabla mfupa haujapata nafasi ya kusahau, nautia chini ya pua ya mgeni. Mgeni anapiga ukelele. Yanayofuata yanajulikana. Mji huu huwazomea waimbaji wa opera kwa noti moja iliyopinda. Mtu wa watu anashuka jukwaani analia, na sisi tunakwenda kula tumeridhika kabisa. Nilitaka Adelmo azomewe hivyo. Nilitaka akiri kwa kinywa chake, mbele ya dada yangu, kwamba pua yangu i hai. Jina langu lirudi, basi. Na akilia kidogo, nisingemkataza.

Jumamosi yenyewe nilikuwa na wageni sita. Daktari wa meno kutoka Torino, Bwana Ottavio, na mkewe asiyesema. Ndugu watatu wa kike kutoka Ancona waliopiga picha kila kitu, hata mfuniko wa mtaro. Na Bibi Nunziata wa Napoli, mjane mnene mwenye sauti ya tarumbeta, na kijibwa chake Tarallo kifuani kama beji.

Tulianza na maandazi, yale membamba ya kukaangwa kwa mafuta ya nguruwe, yanayofura kama mto wa kulalia. Unatandaza juu yake kipande cha nyama kinachopitisha mwanga, kinayeyuka hapo hapo.

"Kwetu Napoli," Nunziata akasema akila la tatu, "hiki tungempa mgonjwa."

"Kwenu Napoli, mama, mgonjwa anapewa pizza ya kukaangwa, anazikwa akitabasamu."

"Na jeneza linateleza lenyewe! Lakini kaka mwongozaji, angalia. Mbwa wangu amekupenda."

Kweli. Tarallo alikuwa amenyoosha shingo yote, pua imeelekea kifuani mwangu, mkia unachapa.

"Mwambie mimi si wa kuchumbiwa."

"Anakunusa koti."

"Ni manukato yangu hayo."

"Basi, baba, badilisha duka."

Nikasogea upande wa pili wa barabara. Kwenye jibini nilisimama mbali na mbwa. Kwenye supu, wakati divai nyekundu inamiminwa kwenye vibakuli vyeupe kama ilivyo desturi, nilikaa kiti cha mwisho kabisa, na hapo nikaanza kuwanoa wageni wangu kama visu. Nikawasimulia habari za mfupa wa farasi. Nikawaeleza jinsi paja linavyoweza kuwa bibi harusi kwa nje na kaburi kwa ndani. Nikawaambia kuwa muuzaji mwaminifu hachoki kuchoma, na asiye mwaminifu husema pua ya mwenzake imekufa.

"Harufu ya uozo ikoje?" akauliza Ottavio.

"Utaijua, daktari."

"Hakuna harufu utakayonifundisha mimi. Nimefungua midomo ya watu miaka thelathini. Watu wanakuja wamevaa vizuri, wamepaka uturi, wanafungua mdomo..." Mkewe akamgusa mkono, naye akarudi kwenye supu yake.

Nunziata alikuwa ananitazama kwa jicho moja. "Na huyo wa duka la mwisho, mnajuana?"

"Shemeji yangu."

"Ahaa! Basi kuna kisu."

"Kisu kipo, mama. Cha kukatia nyama."

"Mimi nina mashemeji wanne," akasema, akaniinulia bakuli lake la divai. "Twende, kaka. Nakusindikiza."

Duka lilikuwa kwenye kichochoro nyuma ya kanisa kuu. Siku ya Jumamosi saa sita watu wamebanana, wazee na magazeti yao, akina mama na vikapu. Mapaja yalijipanga darini safu kwa safu. Katikati, juu ya nguzo ya marumaru, chini ya taa nyekundu, lilisimama paja moja kubwa mara moja na nusu ya mengine, limefungwa utepe. Ningekuwa na akili zangu za kila siku ningejiuliza: paja la heshima namna hii, mbona halina chapa ya taji ambayo wakaguzi huipiga kwa moto? Sikujiuliza. Nilikuwa nimeshaingiza mkono mfukoni, nikachana nailoni kwa ukucha, nikautoa mfupa na kuuficha kiganjani.

Desolina alikuwa nyuma ya kaunta, aproni nyeupe, kisu kirefu mkononi. Aliniona. Kisu kikasimama katikati ya nyama, kisha kikaendelea.

Nilipanga kuchoma hapo hapo. Lakini Adelmo alinitokea kutoka upande, tai ya hariri, sigara nene isiyowashwa mdomoni, mikono imetanuliwa.

"Shemeji!"

Akanibusu shavu la kulia, akanibusu shavu la kushoto, akaniweka mkono begani na kunigeuza niwaelekee watu kama vazi jipya.

"Mabibi na mabwana, huyu mnayemwona alikuwa Pua ya bonde letu! Nasema alikuwa. Siku hizi anatumia miguu. Mungu akifunga tundu moja hufungua lingine!"

Wakacheka. Ndugu wa Ancona wakapiga picha. Adelmo akaanza hotuba. Alianza na babu yake. Akaja kwenye upepo unaovuka milima na harufu ya misonobari. Akapita kwa nguruwe mmoja mmoja na tabia zao. Divai nyeupe ikamiminwa, tukainua bilauri kwa afya ya babu, kisha kwa afya ya upepo. Na wakati wote huo mfupa uko kiganjani mwangu, uchi, unapigwa na hewa. Mimi nilikuwa nimeshughulika na kuchukia. Kuchukia ni kazi ya mikono miwili; haikuachii wa tatu wa kufikiria.

Alipotua kupumua nikasema, "Shemeji, ruhusu niwaonyeshe wageni wangu jinsi tunavyochoma."

"Choma, choma!" Akawakonyeza wateja. "Kipofu akikalia usukani wa gari lililozimwa, kuna hasara gani?"

Mzee mmoja mwenye gazeti akacheka mpaka akakohoa.

Paja lina mahali patano pa kuchoma, na mnusaji wa kweli haruki hata mahali pamoja. Niliruka pote panne. Nikaenda moja kwa moja kando ya kifundo cha nyonga, ndani kabisa, nikachoma, nikachomoa, nikanusa.

Ulinuka. Mungu wangu, ulinuka!

Kuna kitu kilininong'oneza wakati ule, na nitakuambia ukweli wake. Bega langu la chumbani lilikuwa na uozo wa joto, wenye utamu mzito, unaoshika kooni. Hii ilikuwa harufu kavu, chachu, kama kisima kilichofunikwa miaka. Pua ya baba yangu, iliyo usoni mwangu, iliona tofauti. Nikaiambia ikae kimya, tuna sherehe. Nikautia mfupa chini ya pua ya Nunziata.

"Mama yangu mzazi!" Alirudi nyuma akamkanyaga Ottavio. "Kuna mtu kafa humu ndani!"

Yakatokea kama nilivyoota. Mzee wa gazeti akapiga mluzi. Mwanamke mmoja akarudisha kifurushi chake juu ya kaunta na kukisukuma kwa kidole. Kutoka nyuma ikaanza ile sauti ya chini, "Buuu," ambayo mtu wa Parma huzaliwa nayo. Uso wa Adelmo ukawa rangi ya mafuta ya nguruwe. Sigara ikamtoka mdomoni. Nami nilifurahi, sitakudanganya. Nilimwangalia Desolina nikitaka aone. Alikuwa ananiangalia mimi, si paja.

"Sasa, shemeji," nikasema, polepole, nikilitafuna kila neno, "tuwaambie hawa mabwana. Pua imekufa, au haijafa?"

Ndipo Tarallo aliporuka. Alijirusha kutoka kifuani kwa Nunziata kama samaki anayetoka mkononi, akaning'inia kwenye koti langu, akaingiza kichwa chote mfukoni, na akashuka na fungu la nailoni mdomoni. Akalitupa sakafuni, akalikung'uta, akalitawanya. Kile kipande cha mafuta kikabingirika mpaka kwenye kiatu cha Adelmo.

Shemeji yangu hana pua, lakini si mjinga wa kila kitu. Aliinama, akakiokota kwa vidole viwili, akakinusa, na rangi ikamrudia.

"Jamani," akasema taratibu. "Jamani! Amekuja na uozo wake kutoka nyumbani!" Akakiinua juu kama padri. "Mfupa ameupaka mwenyewe! Tazameni, mafuta yake haya hapa! Huyu ndiye Pua! Huyu!"

"Buuu" ikageuka njia katikati ya hewa na kunijia mimi. Sijawahi kuimba opera, lakini sasa najua wanachokisikia. Mzee wa gazeti alipiga mluzi ule ule; kwake ilikuwa Jumamosi nzuri, vitendo viwili kwa tiketi moja. Ottavio akashika mkono wa mkewe kama anayetaka kuondoka. Nunziata hakupiga kelele, na hilo ndilo lililouma.

"Kaka," akasema, "na mimi pia? Umeitumia pua yangu?"

Nilifanya kile anachofanya mnusaji asipojua la kufanya: nikaupitisha mfupa chini ya pua. Haukunuka chochote. Kwa muda ule wa kelele ulikuwa umeshasahau. Na hapo ndipo ujinga wangu ulinisimama mbele kwa urefu wake wote. Kama umesahau sasa kwa pumzi chache, je, wakati wa hotuba? Babu, upepo, nguruwe mmoja mmoja, bilauri mbili za divai! Mfupa wa farasi ungesahau makaburi yote ya Parma. Nilipochoma, ulikuwa safi kama ulivyozaliwa. Harufu ile haikuwa ya bega langu.

"Paja limeoza," nikasema. "Jamani, nisikilizeni. Limeoza kweli!"

Hakijapata kutokea kicheko kama kile. Nilikuwa nimeshika ukweli mkononi na hapakuwa na wa kuupokea, kwa sababu nilikuwa nimeufunga kwa uongo tabaka tano. Kama ningeingia na mfupa mtupu, ningekuwa nimeshinda. Miaka ishirini na sita ya pua, na siku niliyoihitaji kuliko zote niliiambia ikae kimya.

"Toka," Adelmo akasema. "La, ngoja kwanza. Usitoke. Nataka uone. Desolina, lete kisu. Lipasue mpaka mfupani, hawa wageni wale, huyu aangalie."

Desolina hakusogea.

"Desolina."

Aliweka kisu chini. Akafuta mikono kwa aproni, kidole kimoja kimoja, kama alivyokuwa akifanya baba. Akavuta droo ya chini ya kaunta, akatoa kibweta cha ngozi cha kutunzia mfupa wa kunusia.

"Huo ni wa pambo tu," Adelmo akasema haraka. "Zawadi ya uzinduzi."

"Naona," dada yangu akasema. "Uzi wa zawadi bado haujafunguliwa." Akaunyanyua watu wauone, mwekundu, fundo lake zuri halijaguswa. "Duka lina miezi mitano, mapaja yote haya, na mfupa haujatoka kibwetani."

Mzee wa gazeti akashusha gazeti.

Desolina akaukata uzi kwa meno. Akaizunguka kaunta, akasimama mbele ya paja kubwa, akazima taa nyekundu. Nilikuwa sijawahi kumwona na mfupa mkononi tangu jikoni kwa baba, tukiwa na vitambaa machoni, na mkono wake ulikuwa haujasahau kitu. Alichoma pa kwanza. Akanusa. Akapumua mara tatu, watu wote wakapumua naye. Alichoma pa pili. Akapumua. Pa tatu. Pa nne. Hakuruka hata mahali pamoja. Nikasikia Tarallo analamba sakafu.

Alichoma kando ya nyonga, akachomoa, akanusa. Macho akayafumba. Akageuka akampa mfupa Ottavio.

"Daktari, wewe hutujui sisi. Harufu gani hii?"

Ottavio alinusa mara moja na kuurudisha akiwa amekunja uso wa kazini. "Jino," akasema. "Jino lililokufa mzizi. Na si la jana, bibi. La miezi mingi."

Mkewe, ambaye hakuwa amesema neno tangu asubuhi, akasema, "Mimi naisikia mpaka hapa."

"Mmepanga!" Adelmo alikuwa ameshika tai yake kana kwamba kuna mtu anaivuta. "Ndugu wawili mmepanga! Mke wangu mwenyewe, dukani kwangu, mbele ya wateja wangu!"

"Sikujua kama Nevio anakuja," Desolina akasema. "Na angeniuliza, ningemwambia aje na mikono mitupu."

"Pua ya huyu ilikufa zamani! Yale arobaini yalikuwa mazima, mazima kabisa, nani aliyelalamika? Nitajie mmoja!" Akanielekezea kidole. "Na leo mmemwona wenyewe! Ameingia humu na uozo mfukoni! Utasimama na huyu, Desolina? Na mwongo huyu?"

Dada yangu aliuweka mfupa kibwetani, akakifunga, akakitia mfuko wa aproni yake.

"Kweli, Adelmo, kaka yangu ni mwongo," akasema. "Uongo wake umeishi asubuhi moja, na hata mbwa ameugundua. Wako una miaka minne, na mimi ndiye niliyekuwa nikilala nao kitanda kimoja."